Mizani Iliyofichwa: Kuusoma Mchezo wa Ultima IV kwa Jicho la Ushairi

Neno mizani lina kazi tatu katika lugha yetu. Ni chombo cha sokoni, ambacho muuzaji huweka bidhaa upande mmoja na jiwe upande wa pili. Ni hesabu ya silabi katika mshororo, ambayo ikipungua moja tu sikio la mjuzi hulijua pengo kabla ya macho. Na ni kipimo cha matendo, kile tulichoambiwa tangu utotoni kwamba hakuna jambo dogo wala kubwa lisilopita juu yake. Mchezo wa kompyuta uitwao Ultima IV: Quest of the Avatar, uliotolewa Marekani mwaka 1985, ni miongoni mwa kazi chache za sanaa zilizoichukua maana hiyo ya tatu na kuitungia kwa nidhamu ya maana ya pili. Ndiyo sababu twauleta katika kurasa hizi zilizozoea tarbia na tenzi.

Msomaji ana haki ya kuuliza mchezo wa kompyuta una jambo gani na ushairi. Wengi wetu tunaijua michezo hiyo kwa kelele zake za risasi na kwa saa za masomo inazowala watoto. Lakini kazi ya sanaa huhukumiwa kwa swali inalouliza na kwa namna inavyoliuliza, wala si kwa chombo iliyopandia. Ultima IV wauliza swali kongwe ambalo watunzi wa mawaidha wameliuliza katika kila lugha: mtu mwema ni nani, naye atajulikana kwa lipi? Tofauti ni kwamba mtunzi wa mawaidha humwambia msomaji jawabu, ilhali mchezo huu humwacha atende atakavyo, kisha humhesabia kimyakimya. Hoja ya makala haya ni kwamba uzuri wa mchezo huu umo katika kuificha hesabu hiyo, na kwamba kasoro zake zote huchipuka pale hesabu inapojulikana.

Mtunzi na chanzo cha kazi

Richard Garriott alizaliwa Uingereza mwaka 1961 na kulelewa Texas, Marekani. Baba yake, Owen Garriott, alikuwa mwanaanga wa NASA aliyeishi katika kituo cha anga cha Skylab mwaka 1973. Kijana huyo alianza kutunga michezo ya kompyuta angali mwanafunzi. Ultima wa kwanza ulitoka mwaka 1981, wa pili mwaka 1982, na wa tatu mwaka 1983. Mwaka huo wa 1983 ndipo yeye, baba yake, kaka yake Robert na mwenzao Chuck Bueche walipoanzisha kampuni yao wenyewe, Origin Systems.

Michezo ya jinsi hii humtaka mtu mmoja, aliye peke yake mbele ya kompyuta, avae uhusika wa shujaa katika nchi ya kubuni yenye uchawi, majoka na mapango. Katika ile mitatu ya mwanzo shujaa alikuwa na kazi moja tu, kumwangamiza adui mkuu. Njiani hakuulizwa neno. Aliweza kuiba dukani na kuwaua raia wasio na hatia, na mwishoni akashangiliwa vilevile kuwa mwokozi wa nchi. Garriott amesimulia kwamba, baada ya kuwa na kampuni yake, barua za wachezaji zilianza kumfikia moja kwa moja, akasoma jinsi watu walivyocheza michezo yake: walipora na kuua kila aliyekuwa na kitu, kwa kuwa hiyo ndiyo njia ya mkato. Zama hizo pia wapo wazazi na viongozi wa dini nchini Marekani walioishutumu michezo ya majoka na uchawi kuwa ni mlango wa ushetani. Mtunzi angeweza kujitetea kwa maneno. Badala yake alikwenda kutunga kazi ambayo ndani yake ushujaa usingethibitika kwa upanga peke yake.

Kisa kisicho na adui mkuu

Ultima IV hauna adui mkuu. Nchi ya Britannia imekwisha kutulia baada ya vita vya michezo iliyotangulia, wanaowindwa wamekwisha kuwindwa, na mfalme sasa ana haja nyingine. Anataka apatikane mtu mmoja atakayekuwa kielelezo cha mwenendo mwema ili wananchi wamtazame na wamfuate. Mtu huyo anaitwa Avatar, neno la Kisanskriti lenye maana ya kushuka kwa kilicho kitukufu katika umbo la kiumbe. Mchezo hautangazi dini yoyote, wala haumwombi mchezaji aabudu kitu. Wamwomba aishi kwa namna fulani mpaka hapo jina hilo litakapomstahiki.

Mwanzo wake ni wa kupendeza. Msafiri huingia katika gari la mpiga ramli wa kike, naye huyo mwanamke hutandaza karata na kumwuliza maswali. Hakuna swali lenye jibu baya. Mathalani, umekabidhiwa mfuko wa dhahabu usiohesabiwa uufikishe kwa mtu, na njiani wakutana na fukara. Je, utaufikisha kama ulivyo, kwa kuwa umeaminiwa, au utampa fukara sarafu moja ambayo mwenyewe hataijua kuwa imepungua? Hapa Uaminifu wapambana na Huruma, na kila mmoja una haki yake. Sifa ni nane. Kila sifa ikikutanishwa na kila mwenziwe hupatikana maswali 28, na kwa kila mchezaji huulizwa 7, kwa kuwa kila jibu huiondoa sifa moja mpaka ibaki moja tu. Sifa iliyobaki ndiyo itakayoamua kazi ya shujaa na mji atakaoanzia safari. Kwa hiyo mchezaji hakuchagua kuwa nani. Alijibu maswali ya moyo wake, na moyo ukamchagulia.

Yapasa kuangalia ustadi ulio hapa. Hadithi nyingi za maadili huanza kwa kutenga wema upande mmoja na uovu upande wa pili, na msomaji hana kazi zaidi ya kukaa upande unaotakiwa. Mpiga ramli huyu amekataa njia hiyo rahisi. Anajua kwamba tabu ya maisha ya mtu mwenye nia njema hutokea zaidi pale haki mbili zinapogongana, na kwamba tabia ya mtu hudhihirika katika kile alichokubali kukiacha.

Mpangilio wa sifa nane

Misingi ya maadili ya Britannia ni mitatu: Kweli, Upendo na Ujasiri. Garriott amekiri kwamba aliipata kwa kutazama hadithi maarufu ya Wizard of Oz, ambamo mmoja atafuta akili, mwingine moyo, na simba atafuta ujasiri. Kutokana na hiyo mitatu huzaliwa sifa nane kwa hesabu iliyonyooka. Kweli peke yake huzaa Uaminifu. Upendo peke yake huzaa Huruma. Ujasiri peke yake huzaa Ushujaa. Kweli ikichanganyika na Upendo hupatikana Haki. Upendo na Ujasiri huzaa Kujitolea. Kweli na Ujasiri huzaa Heshima. Yote mitatu kwa pamoja huzaa kile tutakachokiita Uhai wa Roho, kwa kuwa uroho, neno ambalo muundo wake ungetufaa, lugha yetu imekwisha kulipa ulafi. Na pale msingi wowote usipokuwapo, pakabaki patupu, ndipo unapokaa Unyenyekevu.

Mpenzi wa ushairi hatakosa kuhisi ladha ya mpangilio huu. Mtunzi wa tarbia huziweka vina vyake mahali pake kwa sababu nafasi yenyewe yavidai, na Garriott vilevile amezipata sifa zake kwa kuachia umbo limwongoze. Uchanganye misingi mitatu kwa kila namna iwezekanayo, utapata nane, haizidi wala haipungui. Lakini umbo hilo limempa zawadi ambayo pengine asingeipata kwa kufikiri peke yake, nayo ni ile nafasi ya mwisho iliyo tupu. Mtu mwingine angeiruka akaridhika na sifa saba. Yeye akaitazama akaona kwamba hapo ndipo mahali pa Unyenyekevu, sifa isiyoweza kujengwa kwa kuongeza kitu, kwa kuwa kila ukiongezacho kwa ajili yake huibomoa.

Kila sifa ina mji wake, na mji wa Unyenyekevu ni magofu. Magincia ulikuwa mji wa watu waliojivuna, ukaangamia kwa majivuno yao, na anayeingia leo hukutana na mizuka tu penye kuta zilizobomoka. Mchezaji ambaye karata za mpiga ramli zimemwangukia kuwa mchungaji, mtu wa Unyenyekevu, huanzia safari yake kando ya magofu hayo, kisiwani, akiwa dhaifu kuliko mashujaa wa kazi nyingine zote. Wasomaji wa visiwa na pwani hii hawahitaji kufafanuliwa maana ya fungu hilo. Tunayo Al-Inkishafi, ambamo Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir aliusomesha moyo wake kwa magofu ya Pate. Hapana dalili kwamba Garriott aliijua kazi hiyo, na kiwango cha lugha cha kazi hizi mbili hakilingani hata kidogo. Ila zote mbili zimeona kwamba kiburi hakihubiriwi vizuri mbele ya jumba linalong'ara. Sharti msikilizaji apelekwe penye ukuta ulioanguka, aachwe atazame.

Malenga kapewa Huruma

Jambo la pili litakalowagusa wasomaji wetu ni kazi zilizofungamanishwa na sifa hizo. Uaminifu umepewa mchawi, Ushujaa umepewa mpiganaji, Haki imepewa mzee mwenye elimu ya miti na misitu, Kujitolea kumepewa fundi, Heshima imepewa askari wa kiapo, Uhai wa Roho umepewa mlinzi wa nyika, na Unyenyekevu, kama tulivyosema, umepewa mchungaji. Inabaki Huruma, nayo amepewa malenga.

Tulidhani malenga angepewa Kweli. Washairi wengi wangependa kusifiwa hivyo, kwamba wao ndio wasemao yale ambayo wengine huyaogopa. Mtunzi wa mchezo huu ameamua vingine, nasi twaona ameamua vyema. Msema kweli asiye na huruma wapo wengi, na hahitaji vina ili aseme. Kinachomfanya mtu aiweke kweli hiyo katika wimbo, aipimie sauti, aitafutie neno litakaloingia moyoni bila ya kuuchana, ni kumwonea huruma yule atakayeisikia. Mchezo hauyasemi haya kwa maneno. Wamweka malenga Iolo katika mji wa Huruma, basi, na kumwachia mchezaji ajiulize sababu.

Fani: uchache wa maneno

Ama kuhusu fani, kwanza tutazame udogo wa chombo. Ultima IV ulitungwa kwa ajili ya Apple II, kompyuta ambayo uwezo wake leo waweza kuingia mara elfu nyingi ndani ya simu ya mkononi. Nchi nzima ya Britannia ni uwanja wa miraba 256 kwa 256, na kila mraba ni picha ndogo ya mti, maji, mlima au nyasi. Wahusika wanaozungumza hawawezi kusema mengi. Mchezaji huandika neno moja, na kompyuta hutazama herufi nne za mwanzo tu. Kila mhusika ana la kusema juu ya jina lake, kazi yake na hali yake, kisha ana maneno mawili zaidi ambayo mchezaji sharti ayagundue ndani ya yale aliyoambiwa.

Mtu wa leo ataona umaskini. Mtu wa ushairi ataona bahari ya utunzi iliyobana. Kwa kuwa mhusika ana sentensi chache tu, kila sentensi imepewa mzigo, na mchezaji hujifunza kusikiliza kama msikilizaji wa fumbo anavyosikiliza, akichagua neno lililowekwa makusudi katikati ya maneno ya kawaida. Mchungaji wa mji mmoja humdokezea jina la mtu wa mji mwingine, na huyo naye hutoa neno ambalo bila yake lango fulani halifunguki. Mchezo haukumwekea msafiri daftari la kumkumbushia. Alitakiwa kuwa na karatasi na kalamu pembeni, aandike mwenyewe aliyoyasikia. Ndani ya kasha la mchezo mlikuwa na ramani ya kitambaa, alama ndogo ya madini ya msalaba wenye kitanzi, na vitabu viwili, kimoja cha historia ya nchi na kimoja cha uchawi wake. Kwa hiyo mchezo haukuishia kwenye kioo cha kompyuta; sehemu yake nyingine ilikuwa mkononi na kichwani mwa mchezaji.

Lugha yenyewe ni Kiingereza cha kale, chenye viwakilishi ambavyo Waingereza wameacha kuvitumia katika mazungumzo ya kila siku. Wapo waliokibeza kuwa ni mapambo. Hata sisi tunao watunzi wanaochota Kingozi pasipo haja, wakadhani ukale wa neno utaficha wepesi wa wazo. Hapa lakini ukale una kazi, kwa kuwa unamwekea mchezaji umbali kidogo na maisha yake ya kila siku, ili aulizwe mambo ambayo kwa lugha ya sokoni angeyacheka.

Muuzaji kipofu

Sasa tufike kwenye kiini cha kazi. Katika miji kadhaa kuna maduka ya mizizi, majani na vitu vingine vya kutengenezea uchawi, na wauzaji wake ni vipofu. Mchezaji hutajiwa bei, kisha huachwa aandike mwenyewe idadi ya sarafu anazoweka mezani. Akiandika pungufu, muuzaji hushukuru vilevile. Hapigi kelele, haiti askari. Bidhaa huingia mfukoni, na dhahabu inayobaki ni nyingi, nayo dhahabu katika siku za mwanzo za safari ni haba mno. Mchezaji hutoka dukani amefurahi.

Ndani ya kompyuta lakini Uaminifu wake umeshuka. Kila sifa ina tarakimu yake kati ya 0 na 99, na tarakimu hizo haziandikwi popote mchezaji anapoweza kuziona. Kuiba kasha la dhahabu katika nyumba ya mtu hushusha. Kukimbia vita na waovu hushusha Ushujaa. Kumpa ombaomba hupandisha Huruma, kumtolea damu mganga hupandisha Kujitolea, na kumwachia aende zake kiumbe asiye mwovu huhesabiwa kheri. Njia ya pekee ya kujua hali yako ni kwenda katika ngome ya mfalme kumwuliza mwaguzi Hawkwind, naye hujibu kwa maneno ya kukutia moyo au kukukaripia, hatoi tarakimu. Huenda mtu akasafiri siku nyingi, amekusanya mawe na funguo zote, ndipo akaambiwa kwamba bado ni mwizi, na akumbuke duka.

Twaamini hiki ndicho kipande bora kabisa cha kazi hii. Mafunzo mengi ya maadili hufeli kwa sababu msomaji anajua anatazamwa. Akisoma kisa cha mwizi aliyeadhibiwa huunga mkono adhabu, kwa kuwa hakuna anachopoteza. Garriott amemweka msomaji huyohuyo mbele ya mtu asiyeona, akampa nafasi, akanyamaza. Aliyelipa pungufu hawezi kusema kisa kilimhusu mtu mwingine, kwa kuwa ni yeye aliyeiandika tarakimu kwa kidole chake. Mizani ya shairi nayo hufanya kazi hivyo inapokuwa nzuri. Msikilizaji hahesabu silabi, ila akivutwa au akikwazwa hujua, na akirudi nyuma kutafuta sababu ataikuta hesabu ilikuwapo muda wote.

Kasoro za hesabu

Hatuwezi hata hivyo kuusifu mchezo huu bila ya kuonyesha udhaifu wake, nao ni mkubwa. Siri ya hesabu haidumu. Mchezaji akishatambua kwamba kumpa ombaomba hupandisha Huruma, na kwamba hata sarafu moja huhesabiwa, huanza kutoa sarafu moja, kisha moja, kisha nyingine, hapo hapo aliposimama, mpaka atosheke. Sadaka imegeuka malipo ya ada. Na ombaomba mwenyewe hashibi. Amesimama palepale kwa maneno yaleyale tangu mwanzo wa mchezo hadi mwisho, kwa kuwa hakuwekwa ili asaidiwe. Amewekwa ili mtoaji apate pa kutolea. Tukiacha hasira, tukubali kwamba zipo sadaka nyingi duniani zinazotolewa kwa mtindo huu, na maskini wengi walioachwa wasimame palepale ili wengine wapande daraja. Mchezo umeionyesha aibu hiyo bila ya kukusudia.

Unyenyekevu umeponzwa zaidi. Wapo wahusika wanaomwuliza shujaa kama anajiona bora kuliko wengine. Akijibu kwa kujisifu hushuka, akikana hupanda. Baada ya mara mbili tatu mchezaji hukana kwa kiburi kabisa, akijua anachokipata. Sifa iliyozaliwa kutoka patupu imejazwa tarakimu, na hapo yale maarifa ya mpangilio tuliyoyasifu juu yanavunjwa na utaratibu wa mchezo wenyewe. Tusisahau pia damu. Ili afike katika lile Shimo Kuu mwishoni mwa safari, kielelezo hiki cha wema sharti aue viumbe wasiohesabika, na mchezo unatosheka kwa kuwabandika jina la waovu.

Mwisho wa kisa ndio unaomwokoa mtunzi. Anayefika chini ya Shimo, akiwa na wenzake wote saba, hakuti joka la kupigana nalo. Anakuta maswali. Aulizwa juu ya sifa na misingi, kisha juu ya neno moja ambalo herufi zake amekuwa akioneshwa moja moja katika mahekalu manane, kila alipotulia na kurudia neno la hekalu lile kama mtu aletaye uradi. Neno hilo kwa lugha yetu ni kutokuwa na mwisho. Akilitaja hufunuliwa Kitabu cha Hekima, na palepale hurejeshwa kwao, kwenye dunia yake ya kila siku, huku akiambiwa kwamba safari hii ni ya umri mzima. Tazama basi kinyume kilichopo. Wema uliohesabiwa mpaka 99 umepewa jina lisilo na tarakimu. Ni kana kwamba mtunzi, baada ya kujenga mizani yake kwa uangalifu wote, ameandika chini yake kwamba kinachopimwa hakienei humo.

Mtunzi kujihakiki mwenyewe

Kinachotufanya tumheshimu Garriott ni kwamba hakukaa juu ya sifa alizopata. Katika Ultima V: Warriors of Destiny, wa mwaka 1988, mfalme amepotea na nchi imeshikwa na Blackthorn, ambaye amezigeuza sifa zilezile nane kuwa sheria. Asemaye uongo hukatwa ulimi. Asiyetoa nusu ya pato lake kwa maskini hunyang'anywa pato lote. Maneno ya maadili hayakubadilika, ila sasa yana askari nyuma yake, na nchi imejaa hofu. Muuzaji kipofu hawezi kuwa na maana tena katika nchi hiyo, kwa kuwa alipaye kamili hulipa kwa kuuogopa upanga.

Katika Ultima VI: The False Prophet, wa mwaka 1990, mtunzi alikwenda mbele zaidi. Viumbe wenye mabawa na pembe, ambao mchezaji amezoea kuwaua kama mashetani, wanagundulika kuwa ni taifa lenye kitabu, dini na maadili, na misingi yao nayo ni mitatu, mbali na ile ya Britannia. Kuchukuliwa kwa Kitabu cha Hekima, kile kilele cha ushindi wa mchezo wa nne, ndiko kulikoanzisha maangamizi ya ulimwengu wao. Kwao Avatar ni nabii wa uongo. Aliyepimwa kwa mizani ya nchi moja akaonekana kamili amekutwa ni dhalimu kwa mizani ya jirani, na wala hakujua kwamba jirani alikuwapo.

Kampuni ya Origin ilinunuliwa na Electronic Arts mwaka 1992 na kufungwa mwaka 2004. Ultima IV wenyewe umetolewa bure kwa njia ya intaneti, na hauhitaji kompyuta ya gharama. Picha zake zimezeeka, na vijana watazicheka kwa dakika kumi za mwanzo.

Tamati

Tungependa watunzi wetu wa mawaidha waujue mchezo huu kwa sababu moja. Tungo za nasaha zinazoandikwa nyakati hizi nyingi zina vina kamili na mizani kamili, na zote humwambia msomaji awe mwaminifu, awe na huruma, aache kiburi. Msomaji hukubali ubeti baada ya ubeti, akalifunga jarida, asiwe amefanya wala kuacha kufanya lolote. Amehesabiwa sifa, yeye hakuguswa. Wazee waliotutangulia walikuwa na njia zao za kumgusa: walimpeleka penye magofu, walimtegea fumbo, walimwachia ubeti ambao maana yake ya ndani ilimsuta aliyeipata. Kazi ya kigeni ya mwaka 1985, yenye picha za miraba na sentensi za maneno machache, imeweza jambo hilo kwa duka moja na muuzaji asiyeona.

Basi mtunzi anayetaka kuandika juu ya uaminifu na ajiulize, kabla ya kutafuta kina cha kwanza: ni wapi ndani ya shairi langu msomaji ataachwa peke yake na sarafu mkononi?